Mawe yaliyopandana katikati ya bahari ya kubuni: yasimameje bila kuchekesha?

Mchora_Ramani, Kirumba
Wakuu, nachora ramani ya bahari ya kubuni kwa ajili ya mchezo wa mezani. Katikati kuna mwamba wa asili ambao mabaharia wa huko wanauogopa: mawe manne yamepandana, la juu limekaa upande kama linadondoka, na upepo ukivuma inasikika sauti nzito kutoka chini. Nimeanzia na Jiwe la Bismarck pale Mwanza karibu na kivuko cha Kamanga, ila lile liko ndani ya Ziwa Victoria. Nikiupeleka kwenye bahari yenye mawimbi ya mita 3, wanaojua mawe watanicheka? Umbo litokane na nini, la juu lisianguke kwa nini, sauti itoke wapi, na chombo kiuone kutoka umbali gani?

Graniti_Tupu
Watakucheka ukisema mawimbi ndiyo yaliyoyapanga. Hata haya ya Mwanza hayakuchongwa na ziwa. Kiasi cha miaka 15,000 iliyopita ziwa lilikauka, na mawe yalikuwepo, yana umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.

Kazi ilifanyika chini ya udongo. Graniti, ndiyo aina ya mawe hayo, ina nyufa za pande tatu zinazokatana karibu mraba, kwa hiyo mwamba mzima umegawanyika vipande kama masanduku. Maji ya mvua yanapenya kwenye nyufa na kugeuza feldispa (madini yake laini) kuwa mfinyanzi, huku chembe za kwazi (madini yake magumu) zikibaki mchanga. Pembe ya sanduku inaliwa kutoka pande tatu, ukingo kutoka pande mbili, uso upande mmoja tu. Ndiyo maana sanduku linaishia kuwa duara. Baadaye mmomonyoko unaondoa udongo, na mawe yanabaki yamekaa palepale yalipozaliwa, moja juu ya jingine. Hakuna aliyeyanyanyua.

Kwa hiyo bahari yako ije mwishoni. Mwamba uwe ulikuwa kilima cha nchi kavu, kisha maji yakapanda. Si uchawi huo: tangu kilele cha zama za barafu, miaka 20,000 hivi iliyopita, bahari za dunia zimepanda kama mita 120.

Unapochora, anza na nyufa, mawe baadaye. Weka mistari ya kulala yenye nafasi za mita 2 hadi 5 zisizolingana, kisha ya kusimama, halafu ndio uviringishe pembe. Ukianza na mayai manne yatatoka mayai manne. Na mistari hiyohiyo iendelee kwenye jiwe la msingi chini ya maji. Hapo ndipo wachoraji wengi wanaposahau.

Timazi
Kuhusu kuanguka. Jiwe la duara la kipenyo cha mita 3 lina ujazo wa mita za ujazo 14 hivi, na kwa graniti hiyo ni tani 37. Shusha timazi (uzi wenye kitu kizito mwishoni) kutoka katikati ya uzito wake; ikitua ndani ya eneo linalogusana na jiwe la chini, halianguki. Kama mguso una upana wa sentimita 60, una sentimita 30 tu za kuchezea kila upande. Ujanja ni kuchora sura mbili: upande wanaokuja mabaharia mguso umejificha nyuma, kwa hiyo jiwe linaonekana linaelea. Ukizunguka nyuma unaona limekaa vizuri kabisa.

Hatari ni wimbi. Jiwe hilo likizama lote, maji yanabeba tani 14 na nusu, zinabaki kama 23, na hapo wimbi linaanza kulisukuma kweli. Kwa hiyo mawe mawili ya juu yakae juu ya mahali wimbi la dhoruba linapofika. Mita 3 ni mawimbi ya kawaida. Dhoruba ipe mara mbili yake, halafu ongeza maji kujaa.

Mpuliza_Baragumu
Sauti usiitoe kati ya mawe ya duara. Pale kuna mianya kila upande, hewa inavuja, utapata mluzi tu. Toboa shimo la wima kwenye jiwe la msingi, kwenye makutano ya nyufa mbili: juu liko wazi, chini limezibwa na maji ya bahari. Upepo upite juu ya mdomo, usiingie moja kwa moja.

Hesabu: chukua urefu wa hewa iliyo shimoni kwa mita, zidisha kwa nne, kisha gawa 340 (kasi ya sauti, mita kwa sekunde) kwa jibu hilo. Maji yakipwa na hewa ikawa mita 4, unapata mitetemo 21 kwa sekunde, mpaka wa chini kabisa wa sikio. Mtu anaihisi kifuani zaidi. Maji yakijaa na kubaki mita 2, inakuwa 42. Maana yake nahodha anayejua mwamba wako anasoma maji kwa sikio usiku. Ukiweka mwezi mmoja angani kama wetu, maji kujaa mara moja hadi nyingine ni saa 12 na dakika 25. Ukiweka miezi miwili, pole, hesabu hiyo fanya mwenyewe.

Mchora_Ramani, Kirumba
Aisee, hiyo ya kusoma maji naichukua. Je, chini naweza kuubana uwe kama uyoga?

Graniti_Tupu
Hapana, chagua moja. Uyoga ni wa mawe ya matumbawe kama ya pwani ya Zanzibar, chokaa inaliwa kwenye usawa wa maji. Graniti kwa muda huo haipungui kiasi cha kuonekana. Na ondoa pimbi niliyemwona kwenye mchoro wako, mwamba mtupu baharini hauna majani ya kumlisha. Weka mnandi na kinyesi cheupe juu, mkanda mweusi juu kidogo ya maji kujaa, chaza chini yake.

Timazi
Umbali: kipeuo cha pili cha urefu kwa mita, mara 3.57, unapata kilomita. Fanya hivyo kwa mwamba na kwa jicho, kisha jumlisha. Mwamba wa mita 16 na jicho la mita 2 juu ya maji ni kama kilomita 19, kama sayari yako ina ukubwa wa dunia. Ila hapo ni nukta. Mawe manne kuhesabika, subiri kilomita 4.