Tupeane uzoefu: pikipiki za magurudumu manne na hatari ya kupinduka

Ndugu wanajamii, habari zenu. Naomba walioendesha pikipiki za magurudumu manne, iwe shambani, msituni au kwenye mchanga, watueleze waliyoyaona. Wengi huamini kwamba chombo chenye magurudumu manne hakiwezi kuanguka, na imani hiyo ndiyo inayoumiza watu. Atakayesimulia tafadhali aeleze ardhi ilivyokuwa, mzigo uliobebwa na namna chombo kilivyopinduka, kwa sababu kusema tu kwamba mtu aliponea chupuchupu hakumsaidii anayejifunza.

Mchangiaji wa kwanza
Mimi natumia chombo hiki shambani kunyunyizia dawa. Mwenzangu alikuwa anakatiza mteremko kwa ubavu akiwa na tangi lililojaa nusu, akakwea jiwe dogo kwa gurudumu la upande wa juu, na kabla hajaondoa kidole kwenye mafuta dawa yote ilikuwa imekimbilia upande wa chini, chombo kikalala juu ya mguu wake. Tulikuwa wawili, tukakiinua. Angekuwa peke yake sijui ingekuwaje, maana vyombo hivi vingi vina uzito wa zaidi ya kilo 250, na anayelaliwa kifuani hufa kwa kukosa pumzi hata kama hakuvunjika mfupa. Tangu siku hiyo kwetu tangi huwa limejaa kabisa au ni tupu tunapopita penye mteremko, na tunapanda au kushuka moja kwa moja badala ya kukatiza.

Mchangiaji wa pili
Nimefundisha wageni kuendesha, na kazi kubwa ilikuwa kuwazoesha kutumia mwili. Katika kupanda mlima mwili huinamishwa mbele, katika kushuka hurudishwa nyuma, na kwenye kona huegemezwa ndani, kwa kuwa chombo ni chembamba na uzito wake umekaa juu. Kiti kirefu huwadanganya watu wakadhani ni cha abiria, kumbe kimerefushwa ili dereva apate nafasi ya kusogea. Ukimpakiza mtu nyuma kwenye chombo cha mtu mmoja, unapoteza nafasi hiyo, na mlimani uzito wake unavuta magurudumu ya mbele yanyanyuke. Chombo kikizimika katikati ya kilima, msijaribu kukigeuza kwa ubavu. Shikeni breki, mshuke upande wa juu.

Mchangiaji wa tatu
Naongezea kuhusu barabara ya lami, jambo ambalo watu hulipuuza. Matairi yake ni laini, mengi hujazwa upepo usiofika paundi 10, na baadhi ya vyombo havina difu nyuma, hivyo magurudumu mawili ya nyuma huzunguka kwa mwendo mmoja hata kwenye kona. Kwenye tope hilo ni sawa, lakini kwenye lami tairi hung'ang'ania na chombo huinuka upande mmoja. Nimeona kijana aliyerushwa hivyo kwenye kona ya kawaida kabisa, na helmeti ndiyo iliyopasuka badala ya kichwa.

Mchangiaji wa nne
Mimi nina wasiwasi zaidi na watoto. Chama cha Madaktari wa Watoto cha Marekani kinashauri kwamba aliye chini ya miaka 16 asiendeshe kabisa, na naona ni sawa, kwa kuwa mtoto hana uzito wa kukiegemeza chombo wala uamuzi wa haraka. Najua wazazi wa mashambani watanipinga.

Mwanzisha mada
Asanteni. Kuhusu hatari ya kulaliwa aliyoitaja mchangiaji wa kwanza, Australia iliamuru kwamba kuanzia Oktoba 2021 pikipiki mpya za kazi za aina hii ziuzwe zikiwa na kifaa cha kumkinga dereva, ambacho mara nyingi ni upinde wa chuma uliofungwa nyuma ya kiti ili chombo kikipinduka kibaki na uwazi chini yake. Huko Marekani, zile za magurudumu matatu ziliacha kuuzwa zikiwa mpya kuanzia 1988 kwa makubaliano kati ya serikali na watengenezaji, na hapo ndipo wengi walipohitimisha kwamba zilizobaki ni salama. Kama yupo aliyefunga upinde huo na akapinduka nao, tunaomba atueleze ulivyofanya kazi, hasa penye mteremko mkali au matawi ya chini.