Kazi wamepokea, setifiketi wamesaini, hela yetu iko wapi?

Wakuu, nimevumilia vya kutosha. Barabara ya changarawe na makalavati sita nimekabidhi, mhandisi wa halmashauri mwenyewe kapima, kasaini setifiketi, kagonga muhuri. Huu ni mwezi wa kumi na moja tangu nikabidhi, na sijaona hata senti.

Kila nikienda naambiwa faili liko kwa mweka hazina. Wiki iliyopita nililiona kwa macho yangu. Liko chini ya rundo, kona imekunjika, na ule muhuri wa "IMEPOKELEWA" una tarehe ile ile niliyolipeleka. Halijaguswa! Kijana wa masijala akaniambia, "Mzee, mwaka wa fedha umeshafungwa, itabidi liingizwe kwenye madeni." Liingizwe lini, na nani? Hajui.

Mvua ilipotuchelewesha siku tisa, walinikata fidia ya ucheleweshaji siku zote tisa. Hesabu ilikuja imeshapigwa, haikuhitaji kikao wala bajeti. Wao wamechelewa miezi kumi na moja, hata barua ya kuomba radhi hakuna.

Na asiniambie mtu kwamba hayo ndiyo mambo ya serikali. Masharti ya FIDIC (shirikisho la kimataifa la wahandisi washauri) ya mwaka 1999, ambayo mikataba mingi ya ujenzi inayafuata, yanampa mwajiri, yaani mwenye kazi, siku 56 za kulipa tangu mhandisi apokee madai. Zikipita, mkandarasi ana haki ya riba inayolimbikizwa kila mwezi, na anaweza kusimamisha kazi kwa notisi ya siku 21. (Nisimamishe nini mimi, na magari yanapita juu ya makalavati yangu kila siku?) Umoja wa Ulaya nao ulizitaka mamlaka za umma zilipe kwa kawaida ndani ya siku 30, na Januari 2020 mahakama yake ikatamka kwamba Italia imekiuka.

Kwa hiyo haki ipo kwenye karatasi. Tatizo ni woga wetu. Ukidai riba, zabuni inayofuata unaambiwa hujakidhi vigezo. Wote tunalijua hili na wote tunanyamaza, na wao wanategemea ukimya huo. Huku benki haininyamazii: mkopo niliochukua kwa ajili ya saruji na kukodi greda unazaa kila mwezi. Dhamana yenyewe ni nyumba ninayolala.

Fundi wangu wa zege alikuwa ananipigia kila alfajiri. "Bosi, leo vipi?" Juzi kaacha kupiga. Kakaa kimya, na ukimya wake unaniuma kuliko simu zake, maana yeye hana mkataba na halmashauri, ana mkataba na mimi.

Jumatatu napeleka barua ya kudai deni pamoja na riba yake, nakala kwa mkaguzi wa hesabu za serikali. Aliyewahi kufika mwisho wa njia hii aniambie ukweli: walikulipa na riba, au walikupa deni tupu ukasaini kwamba hudai tena?