Re: Matunzo ya mke na mtoto baada ya kutengana (Ujerumani)

> Wapendwa, tumetengana mwezi uliopita. Mtoto ana miaka 7. Baba yake anasema atatoa kitakachobaki akishamtumia mama yake kijijini. Wazee wanasema nivumilie. Mahakama za hapa zinaangalia nini?

Dada, pole sana. Wazee waendelee na usuluhishi wao, lakini wewe mwandikie mumeo leo. Matunzo hapa kwa kawaida hayahesabiwi tangu mlipoachana, bali tangu mwezi ulipoyadai kwa maandishi au ulipomtaka aonyeshe mapato yake. Miezi unayokaa kimya inakupotea. Dai mambo mawili, ukiyataja kila moja peke yake: matunzo ya mtoto na matunzo yako. Omba karatasi zake za mshahara za miezi 12.

La mtoto lina jedwali, Düsseldorfer Tabelle. Si sheria, lakini majaji nchi nzima wanalifuata. Kwa mwaka 2025, baba mwenye mapato yasiyozidi euro 2,100 baada ya kodi na bima alitakiwa kutoa 554 kwa mtoto wa miaka 6 hadi 11. Hapo ilitolewa nusu ya Kindergeld (posho ya watoto ya serikali), yaani 127.50, kwa sababu posho hiyo unaipokea wewe. Zilibaki 426.50. Akipata zaidi, kiwango kinapanda. Aliye kazini anaachiwa angalau 1,450 za kuishi, na akiacha kazi makusudi ili asilipe, mahakama inaweza kumhesabia mshahara ambao angeweza kuupata.

Kuhusu mama mkwe: sheria imewapanga wanaostahili kutunzwa. Watoto wadogo wako mbele kabisa, mzazi anayewalea anafuata, wazazi wako mbali nyuma. Kwa hiyo fedha za kijijini hazitangulii za mtoto. Najua linauma, maana wengi wetu tuna wazee wanaotutegemea, lakini mtoto hawezi kungoja masalio.

Lako wewe ni gumu zaidi. Kabla ya talaka unaweza kudai, kwa kawaida, asilimia 45 ya tofauti ya mapato yenu ya kazi, fedha za mtoto zikishatolewa. Lakini mbele ya mke, mume aliye kazini anaachiwa 1,600. Chukua mwenye 2,000, kwa viwango vya 2025: akitoa 426.50 anabaki na 1,573.50, na mke hapati kitu. Wengi wanafika mahakamani bila kulijua hili na wanavunjika moyo. Kama ulikuwa mama wa nyumbani, mwaka wa kwanza wa kutengana kwa kawaida hulazimishwi kutafuta kazi. Na mtu asikusainishe karatasi kwamba umesamehe matunzo yajayo ya kipindi hiki cha kutengana; haina nguvu kisheria.

Nenda Jugendamt (ofisi ya ustawi wa watoto na vijana) ya mji wako, uombe Beistandschaft, yaani wamsimamie mtoto katika madai yake. Ni bure: wanapiga hesabu, wanamwandikia baba, na ikibidi wanamsimamia mtoto mahakamani. Baba akikubali, anasaini hati hukohuko, nayo ina nguvu kama hukumu. Asipolipa, omba Unterhaltsvorschuss, yaani matunzo ya mtoto yanayotangulizwa na serikali. Kwa umri wa mwanao ilikuwa euro 299 kwa mwezi mwaka 2025. Kwa matunzo yako wewe mahakamani lazima uwe na wakili. Kama kipato ni kidogo, chukua kwanza Beratungshilfeschein (hati ya msaada wa ushauri wa kisheria) kwenye Amtsgericht, mahakama ya eneo lako, na ushauri wa wakili utakugharimu euro 15 tu.

Ndugu yenu, Bremen

---

Naongeza kidogo. Dada, kama kibali chako cha kuishi hapa kinatokana na ndoa na mume, angalia mmeishi pamoja Ujerumani kama wanandoa kwa muda gani. Ikitimia miaka 3, unaweza kupata kibali chako mwenyewe. Chini ya hapo kuna nafasi kwa wenye shida kubwa, hasa waliopigwa, kwa hiyo muone mshauri wa wahamiaji kabla hujaenda ofisi ya wageni.

Na kaka zangu, lipeni kwa benki na mwandike "matunzo" na mwezi wake. Viatu na simu mnazomnunulia mtoto hazipunguzi deni.

Kaka yenu, Köln