Mjadala: Kikosi cha 617 kiendelee kuvaa bwawa lililobomoka?

Mchora Ngao (mleta mada)

Wakuu, heshima mbele. Kikosi cha 617 cha Jeshi la Anga la Uingereza, wale wavunja mabwawa wa mwaka 1943, bado kipo. Kiko kambi ya Marham, Uingereza, kinarusha ndege za kivita F-35B. Nembo yake ni ile ile ya wakati wa Vita Kuu ya Pili: ukuta wa bwawa umepasuliwa na radi tatu, maji yanamwagika kwenye ufa. Chini yake kuna maneno ya Kifaransa, Après moi le déluge, yaani baada yangu, gharika. Naomba tujadili: jeshi linalosema linafuata sheria za vita liendelee kuivaa nembo hii, au ipelekwe makumbusho?

Kwa wasiojua kisa. Usiku wa kuamkia 17 Mei 1943, ndege 19 za mabomu aina ya Lancaster, zenye watu 133, ziliruka kutoka kambi ya Scampton, Uingereza, kwenda kupiga mabwawa ya magharibi mwa Ujerumani. Bomu lenyewe lilikuwa kama pipa, zaidi ya kilo 4,000, kazi ya mhandisi Barnes Wallis. Lilizungushwa kinyumenyume likiwa bado chini ya ndege, likiachiwa linarukaruka juu ya maji hadi ukutani, linazama, ndipo linalipuka. Ili lifanye hivyo, rubani alitakiwa awe mita 18 tu juu ya maji, gizani, huku anapigwa risasi. Ukuta wa Möhne ukabomoka, wa Eder ukabomoka, wa Sorpe ukagoma. Ndege 8 hazikurudi. Walikufa 53, watatu wakatekwa. Huko chini mabondeni walikufa watu wapatao 1,300, na zaidi ya nusu yao hawakuwa Wajerumani. Walikuwa wafungwa wa kivita na vibarua wa lazima, wakiwemo wanawake wengi kutoka Ukraine waliokuwa wamefungiwa kambini Neheim, kwenye njia ya maji ya Möhne.

Siku kumi baadaye Mfalme George VI alikwenda Scampton kuwapongeza. Kamanda wao, Guy Gibson, akamwonyesha michoro miwili. Mmoja ulikuwa wa nyundo inayokata minyororo, na wito wa kubadilisha ramani. Wa pili ni huu wa bwawa. Mfalme akachagua wa pili.

Msimamo wangu: mchoro ubaki, maneno yaondoke. Mchoro hausemi uongo. Vikosi vingi vya mabomu vilijificha nyuma ya wanyama na Kilatini. Cha 9 kina popo, cha 49 kina mbwa wa mbio, cha 218 kina saa ya mchanga. Ukivitazama huwezi kujua waliangusha nini na wapi. Hawa wa 617 wamechora walichokifanya. Lakini yale maneno yanahusishwa na Louis XV na Madame de Pompadour, watu waliokula starehe za ikulu bila kujali nchi itabaki vipi. Kuyaandika chini ya maji yaliyozamisha wanawake waliofungiwa uzio, hapo mimi nakataa. Nawasilisha.

Sajini Mstaafu

Mleta mada umeandika vizuri, ila unawahukumu vijana wa 1943 ukiwa kwenye kochi. Nembo ya kikosi haichorwi kwa ajili yako wala yangu. Inachorwa kwa anayeivaa. 53 kati ya 133 kwa usiku mmoja ni wawili katika kila watano. Kijana anayeripoti Marham leo anapoiona ile nembo anajua kuna watu walilipa kabla yake.

Na hayo maneno ni mzaha wa askari. Nimevaa sare, najua watu wanaongea nini usiku wa kuamkia kazi ya hatari. Hawaongei lugha ya mahubiri. Hao wa mabomu wamekwisha kuonewa vya kutosha: Bomber Command, yaani kamandi ya ndege za mabomu ya Uingereza, ilipoteza watu 55,573, vita ilipokwisha wanasiasa wakawakwepa, na mnara wao pale Green Park London ukazinduliwa mwaka 2012, wengi wao wakiwa makaburini. Leo mnataka na beji yao?

Bado Nasoma

Naunga mkono Sajini. Tusije tukaanza kuwalilia Wanazi humu.

Mama Kevin wa Dortmund

@Bado Nasoma, jina lako linakufaa. Rudi usome tena mada, baba. Wanawake wa Neheim walitekwa na Wanazi, wakatumikishwa na Wanazi, wakafa kwa bomu la upande uliokuja kuwakomboa. Nani kawalilia Wanazi hapo?

Mimi naishi huku, siyo mbali na Möhne. Jumapili watu wanatembea juu ya ule ukuta na watoto na baiskeli. Ulijengwa upya mwaka ule ule wa 1943, kwa miezi michache, na waliobebeshwa mawe ni vibarua wa lazima tena. Ninapoangalia ile nembo naona ukuta, naona radi, naona maji. Watu hawamo. Kwa hiyo hoja ya mleta mada kwamba mchoro unasema ukweli siikubali. Unasema nusu ya ukweli, ile nusu inayopendeza. Mimi naondoa vyote viwili.

Wakili wa Mtaani

Niongeze ya kisheria. Itifaki ya Kwanza ya Ziada ya mwaka 1977, kwenye Mikataba ya Geneva, ibara ya 56, inakataza kushambulia mabwawa, kingo za maji na mitambo ya umeme wa nyuklia, hata kama ni shabaha za kijeshi, iwapo maji au nguvu itakayofunguliwa italeta vifo vingi vya raia. Ina masharti yake, lakini ndiyo kanuni. Sasa sikieni kilichonivutia: Uingereza iliridhia itifaki hiyo mwaka 1998, na ikaweka tamko kwamba haiwezi kuahidi kinga kamili kwa mitambo ya aina hiyo, ila itachukua tahadhari zote. Kwa maneno mengine, mlango hawakuufunga wote.

Ndiyo maana nembo hii si historia tu. Nchi yenye msimamo huo, yenye kikosi chenye ndege za kisasa kabisa, kikosi hicho hicho kimevaa bwawa linalobomoka. Bwawa la Kakhovka kule Ukraine lilipobomoka Juni 2023 na vijiji vikazama, dunia nzima iliongea lugha ya ibara ya 56. Waingereza nao waliongea.

Sajini Mstaafu

Sheria ya 1977 huwezi kumvisha mtu wa 1943. Hilo nadhani hata chuoni mlifundishwa.

Wakili wa Mtaani

Afande, hakuna aliyesema wafufuliwe washtakiwe. Beji inavaliwa leo. Mwaka 2026 ukivaa kitu unajibu kwa sheria na akili ya mwaka huu.

Binti wa Nyeri

Mleta mada amegusa kikosi cha 49 akapita haraka, wacha nikae hapo kidogo. Mbwa wa mbio, na maneno ya Kilatini Cave canem, jihadhari na mbwa. Hicho kikosi kililetwa Eastleigh, Nairobi, mwisho wa 1953 na ndege za Lincoln, kikafuatwa na vingine kwa zamu hadi 1955. Kazi yao ilikuwa kumwaga mabomu kwenye msitu wa Nyandarua na Mlima Kenya kuwatafuta wapiganaji wa Mau Mau. Bomu linaanguka kwenye mianzi na ukungu, aliyelitupa haoni limempata nani. Sisi tuliolelewa chini ya ule msitu tumesikia wazee wakisimulia ngurumo zake.

Sasa tafuta hilo kwenye beji. Kuna mbwa mzuri tu, mwembamba, anakimbia. Ukimwonyesha mtoto atafikiri ni klabu ya riadha.

Kwa hiyo kwa mara ya kwanza nakubaliana na mleta mada dhidi ya Mama Kevin. Kama 617 wangechukua tai au simba, leo tusingekuwa na uzi huu. Nembo yao inatulazimisha kuuliza maji yalikwenda wapi. Ya 49 haimlazimishi mtu kuuliza chochote, na ndiyo maana hakuna anayeiuliza. Ikiwa ni kuchagua kati ya beji mbili mbaya, nipe ile inayokiri.

Mama Kevin wa Dortmund

Dada, kukiri ni kusema nilifanya na ninajuta. Ile inasema nilifanya na nilichonga medali.

Mtu wa Kipevu

Kwa kuwa tumefika pwani ya mada: kuna kikosi kilichoundwa upya hapa hapa Kipevu, Mombasa, Februari 1943, cha 259. Si cha kupiga miji, kilikuwa cha ndege za majini aina ya Catalina, kuwinda manowari za Wajerumani Bahari ya Hindi. Baadaye kikahamia Dar es Salaam. Agosti 1943 ndege yake ilishiriki kuzamisha manowari U-197 kusini mwa Madagaska. Kaulimbiu yao, shikeni viti: Haya ingia napigane. Kwenye beji rasmi kabisa, chini ya taji la mfalme! Sijui mwalimu wa Kiswahili alikuwa likizo.

Mnacheka, lakini kuna kikosi cha 44, kile kilichopewa jina la Rhodesia, Zimbabwe ya leo. Beji yake ni tembo, na tembo huyo ametolewa kwenye mhuri wa Mfalme Lobengula wa Wamatabele. Ufalme wake Waingereza waliuvunja 1893. Miaka ya vita mhuri wake ukawa mapambo ya Lancaster. Hiyo mimi inaniuma kuliko bwawa.

Bado Nasoma

Aisee. Hii ya Lobengula anzishieni uzi wake.

Fundi Injini

Nadhani mnalikosa jambo la wazi. 617 hawakuvunja mabwawa tu. Novemba 1944, wao na kikosi cha 9, waliizamisha meli ya vita Tirpitz kule Norwei kwa mabomu ya Tallboy. Machi 1945 wakaangusha daraja la reli la Bielefeld kwa Grand Slam, bomu la tani kumi. Kazi za shabaha finyu kabisa, na ndizo zinazofanana na wanachofanya leo. Beji imewafunga kwenye usiku mmoja ambao hata faida yake ya kijeshi wanahistoria hawajakubaliana. Kuibadilisha hakuwadhalilishi.

Na msiniambie mambo ya kikosi hiki hayaguswi. Gibson alikuwa na mbwa mweusi, jina lake tusi la kibaguzi kwa watu weusi, na jina hilo hilo likatumika kama neno la siri redioni kutangaza kwamba Möhne umebomoka. Kaburi la mbwa liko Scampton. Mwaka 2020 jeshi lenyewe liliondoa jiwe lenye jina hilo, likaweka lingine lisilolitaja. Watu wakapiga kelele. Kikosi kikaendelea kuruka.

Sajini Mstaafu

Jiwe la mbwa sina ugomvi nalo. Yule mbwa hakuwa mwanajeshi.

Mchora Ngao (mleta mada)

Nimesoma wote. Fundi, hoja yako ya Tirpitz ni nzito, lakini matokeo yake ni nini? Watachora meli inazama, au watakimbilia tai kama wengine, na bwawa lizikwe kimya kimya. Nabaki pale pale alipo Binti wa Nyeri. Mchoro ubaki.

Kwenye maneno, badala ya Kifaransa cha ikulu napendekeza majina matatu ya mahali, bila kitenzi, bila majigambo: Möhne, Eder, Neheim.

Sajini Mstaafu

Möhne na Eder sawa. Neheim hapana. Wale vijana walipewa ramani na sanamu za mabwawa, hakuna aliyewawekea kambi mezani. Huwezi kumvisha askari jina la mahali ambapo yeye hakujua anapapiga.

Wakili wa Mtaani

Waliopanga walijua bonde lina watu. Na nembo hii waliipitisha wakubwa: msimamizi wa nembo za jeshi la anga, kisha sahihi ya mfalme. Uamuzi wa mwisho haukuwa wa marubani.

Sajini Mstaafu

Basi waulizwe wanaoivaa leo Marham. Siyo sisi, na siyo mfalme.

Mama Kevin wa Dortmund

Na wa Neheim waulizwe pia.