Kupanda na kushuka kwa Edward Lowassa: tupeane uzoefu, wewe yalikukuta wapi?

Mleta uzi (Shinyanga)

Wakuu, salaam.

Tangu mzee azikwe Monduli Februari 2024 nimekuwa nikitaka kuuleta uzi huu. Historia yake tunaijua: uwaziri mkuu Desemba 2005, kujiuzulu 7 Februari 2008 kwa sakata la Richmond, ile kampuni ya umeme wa dharura, jina kukatwa Dodoma Julai 2015 CCM ilipochuja wagombea urais, kuhamia Chadema, chama cha upinzani, asilimia 39.97 ya kura za urais dhidi ya 58.46 za Magufuli wa CCM, kisha Machi 2019 akarudi CCM. Naomba tuelezane yaliyotupata sisi tuliokuwa huku chini.

Naanza mimi. Nilikuwa na kibanda cha kunyoa. Mgawo wa umeme wa 2006 ulinimaliza. Mteja anakaa kwenye kiti nusu kichwa kimenyolewa, nusu bado, tunasubiri umeme urudi. Kwa hiyo taarifa ya kamati teule ya Bunge chini ya Mwakyembe iliposomwa Bungeni, kwamba Richmond haikuwa na uwezo wa kazi iliyopewa, huruma sikuwa nayo. Lowassa aliposimama kulalamika kwamba hakupewa nafasi ya kujieleza, pale kibandani tuliokuwa tunasikiliza redio tuliguna.

Lakini huyohuyo ndiye alikuwa Waziri wa Maji wakati mradi wa kuleta maji ya Ziwa Victoria Kahama na Shinyanga unaanza. Bomba lilipofunguliwa uani kwetu, mama alikinga ndoo ya kwanza akakaa kuitazama. Miaka yote alikuwa anadamka saa tisa usiku kwenda kisimani. Hadi leo humwambii kitu kuhusu "yule wa maji". Mimi na mama hatujawahi kukubaliana juu ya mtu huyu, na naona wote wawili tuna haki.

Kamanda wa Temeke

Mkuu, umenigusa. Mimi ni wa Chadema. Septemba 2007 nilikuwepo Mwembeyanga katibu mkuu wetu, Dk. Slaa, anasoma orodha ya mafisadi, na jina la Lowassa lilikuwemo. Tangu siku hiyo sikuhutubia mkutano wa kata bila kulitaja.

Julai 2015 napigiwa simu na mwenyekiti wa tawi: "Kamanda, Lowassa anakuja kwetu." Usiku ule tulibishana ofisini mpaka kuna mzee alivua kofia ya chama akaiacha mezani, akaondoka. Wengine tulisema anakuja na watu, na bila watu wa ndani CCM haing'oki. Baadaye Dk. Slaa naye akajiweka pembeni, na Lipumba akaachia uenyekiti wa CUF, wenzetu wa muungano wa upinzani. Mimi nilibaki. Tulipozindua kampeni Jangwani nilizungusha mikono kama kocha anayeomba kubadilisha mchezaji, sauti ikanikauka kwa kuimba mabadiliko. Nilikuwa na furaha ya kweli, wala siifichi. Umati ule sijauona tena.

Kushindwa Oktoba nilikuvumilia. Kilichoniumiza ni ile Machi 2019, kumwona Lowassa ofisi ya CCM Lumumba kando ya Magufuli anapigiwa makofi, wakati vijana wangu wawili wa tawi bado wanahudhuria mahakamani kwa kesi za siasa. Hakuna aliyetuita kutueleza chochote.

Binti wa Arusha

Baba yangu alikuwa kada wa CCM tangu ujana wake. Kikao cha Dodoma kile cha Julai 2015 ambacho wajumbe walimwimbia Kikwete, mwenyekiti wa CCM wakati huo, "tuna imani na Lowassa", yeye alikuwa huko huko Dodoma, ingawa ukumbini hakuingia. Alirudi nyumbani hasemi na mtu. Wiki chache baadaye akarudisha kadi hadharani.

Jamani, watu hawajui gharama ya kitendo hicho. Wazee wenzake waliacha kupita kwetu. Kwenye kikundi cha kukopeshana akaambiwa hesabu yake ifungwe. Lowassa aliporudi alipokelewa na mwenyekiti wa taifa mbele ya kamera. Baba alipokwenda tawini, kijana aliyemlea mwenyewe kwenye chama alimwambia aandike barua ya kuomba msamaha, kisha asubiri. Barua hakuandika.

Mwalimu wa kata

Mimi siasa zake naziacha. Nilipangiwa shule ya kata wakati Lowassa waziri mkuu anahimiza kila kata ijenge sekondari yake. Watu walituita yeboyebo. Madarasa mawili, sakafu ya vumbi, maabara hakuna, walimu tuko watatu na wa hesabu hayupo. Wengi walifeli, na iliniuma kuwatazama. Ila juzi nimeandikiwa dawa zahanati na binti wa shule ileile. Kwao ni watoto saba, na kabla ya shule hiyo hakuna aliyevuka darasa la saba.

Mleta uzi (Shinyanga)

Asanteni sana. Kamanda, yule mzee aliyeacha kofia alirudi? Na wa Monduli mbona mko kimya? Mlikuwepo mazishini, tuambieni huko nyumbani kwake anazungumzwaje.