Uchawi wa kuchora alama: jabalini, ardhini au mwilini? Leteni maoni

MchoraKatuni_Ipagala
Wakuu, habari za jioni. Kuna hadithi ya katuni naiandaa. Nchi ni ya kubuni ila sura yake ni ya huku kwetu: majabali, mibuyu, mvua msimu mmoja tu kwa mwaka. Watu wake wanapata nguvu kwa kuchora alama. Nimekwama kwenye kuamua zichorwe wapi:

A. Jabalini. Udongo mwekundu unasagwa, unachanganywa na mafuta ya mnyama. Alama inakaa karne na karne, ila inafanya kazi hapo hapo ilipo.

B. Ardhini, kwa unga au majivu. Unachora chapuchapu, nguvu inaisha upepo ukipita au mbuzi akikanyaga.

C. Mwilini, kwa chale. Unatembea nayo popote, lakini kila ukiitumia inakula kumbukumbu yako moja.

Mimi naegemea C, kwenye picha itapendeza. Mnaonaje?

BiMakole
C imechosha, kaka. Kila shujaa siku hizi ana mchoro mkononi unaowaka. Na hiyo ya kusahau, msomaji atajua inakoelekea kabla hujafika sura ya tatu: atamsahau mama yake, au mchumba.

Chukua A. Umeshafika Kolo? Iko barabara ya kwenda Babati, ukishaipita Kondoa. Ile michoro ya miambani iliyoingia Urithi wa Dunia mwaka 2006. Ukisimama chini ya jabali unaona ya zamani ni nyekundu, mistari myembamba: watu warefu, vichwa vimetuna, twiga, tembo. Halafu kuna nyeupe, za baadaye, nene, zimepakwa kwa kidole, na nyingine zimepita juu ya nyekundu bila hata kuomba radhi. Sasa swali langu: kwenye nchi yako, mtu akichora alama yake juu ya alama ya marehemu, ile ya chini inakufa au inaendelea na kazi? Hadithi nzima ipo hapo.

FundiKanuni
A ina tobo. Kama alama haihami, adui si analizunguka tu jabali na kuendelea na safari zake? Pili, nakala. Mary Leakey, yule mtafiti wa mambo ya kale, alikuja Kondoa mwaka 1951 akainakili michoro kwa mkono. Nakala ya namna hiyo kwenye nchi yako ina nguvu? Na picha ya simu je? Ukisema inayo, basi mwenye mashine ya kuchapa fulana ndiye mfalme na katuni imeisha.

Mrangi_wa_Juu
FundiKanuni, jibu wanalo wenyeji. Pale Mungomi wa Kolo, moja ya majabali hayo yenye michoro, watu bado wanakwenda kutambika, kuomba mvua na uponyaji. Hawafuati picha, wanafuata mahali, na si kila mtu anaruhusiwa kuongoza. Kwa hiyo nguvu iwe ya jabali, alama ni ya kubisha hodi tu. Nakala inabaki pambo. Na adui hawezi kulizunguka kama mvua ya nchi nzima inaombewa hapo. Mwenye jabali ndiye mwenye mvua. Kwa nchi yenye msimu mmoja hilo linatosha kuanzisha vita.

Ila ombi moja: usichukue tambiko la watu ukalichora lilivyo. Tunga lako.

FundiKanuni
Kwenye nakala nimekubali. Kwenye vita bado. Kurasa mia za watu wanaogombea jiwe moja, nani atasoma?

MamaZabibu
B mnairuka na ndiyo dawa ya hilo. Wadogo zangu hamkumbuki HADO. Mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma ulianza 1973, na mwaka 1979 mifugo ikaondolewa nyanda za juu za Kondoa kwa sababu ardhi ilikuwa inakwisha, makorongo yamefunguka kila upande. Nyie hebu liangalieni korongo siku ya mvua ya kwanza. Asubuhi kavu, watoto wanapita kwenda shule. Mchana maji mekundu mazito, yamebeba vijiti, kinyesi cha ng'ombe na kandambili ya mguu mmoja. Jioni umebaki mchanga mpya, hujui umetoka shamba la nani.

Sasa chora alama ya unga kwenye ardhi ya namna hiyo. Mvua ikija haifutiki, inasafirishwa. Inaishia kwa mtu wa bondeni ambaye hakuichora wala hana habari nayo. Wewe uliichora kufukuza wezi bomani kwako, kule chini inamfukuza mwenye nyumba. Mwenye kosa nani? Wazee wataiamuaje kesi hiyo?

BiMakole
Mama, hapo umemaliza. Na ule udongo mwekundu wa A wataupata wapi kama si kwenye korongo hilo hilo? Maana yake anayechora jabalini anasaga mabaki ya alama za watu wengine.

MchoraKatuni_Ipagala
Aisee. C nimeitupa. Nachukua A na B kwa pamoja: za ardhini ni za kila mtu, za jabalini ni za wenye ruhusa, korongo linaziunganisha. Nyeupe ikipita juu ya nyekundu, ya chini haifi. Zinafanya kazi zote mbili, na zikipingana mvua inanyesha upande mmoja tu wa kijiji.

FundiKanuni
Upande upi? Usijibu kirahisi, ugomvi wote utatokea hapo.

MchoraKatuni_Ipagala
Upande wa aliyechora mwisho, mpaka rangi yake ianze kubanduka. Na nyeupe inabanduka mapema. Sura ya kwanza naileta Jumamosi. Natafuta mtu wa kunichorea mbuzi, wangu wote wanatoka na sura za mbwa.

MamaZabibu
Mbuzi mwanangu anawajua, nitamwambia akutafute. Ila korongo lipake rangi ya udongo. Nikiona maji ya buluu nafunga katuni.