Mzee Jiro na kamera: nani kaufunga mlango?

Wakuu, juzi nimeirudia ile filamu ya mwaka 2011 kuhusu Jiro Ono, mzee wa sushi (vitonge vya wali na samaki, aghalabu mbichi) wa Tokyo, Japani. Mgahawa wake uko chini ya jengo huko Ginza, jirani na stesheni ya treni: kaunta na viti 10, basi. Michelin, wale wa kitabu cha kupima migahawa, waliupa nyota 3, daraja lao la juu kabisa, mwaka 2007. Novemba 2019 wakautoa kwenye kitabu chao. Chakula hakikuwa kimeharibika, ila mtu wa kawaida hawezi tena kuweka nafasi. Mpaka hoteli kubwa ikuombee, au uwe mteja wa siku nyingi.

Mimi nasema Michelin walitenda haki. Filamu inakuonyesha pweza akikandwa kwa mkono dakika 40 hadi 50 (sisi huku pwani tunampigiza jiweni na mambo yanakwenda), inakuonyesha kijana anayekaanga mayai zaidi ya mara 200 yakikataliwa, na siku yanakubaliwa analia. Mate yanakutoka. Kisha unaambiwa mlango umefungwa! Sasa ulinitamanisha ya nini?

Mchangiaji: Mleta mada, duka ni la mzee. Viti 10 vitawatosha walimwengu wote? Watu wanaweka nafasi halafu hawatokei, samaki keshanunuliwa alfajiri. Na huyo kijana wa mayai, Nakazawa, leo ana mgahawa New York. Bila kamera nani angemjua?

Mleta mada: Nakazawa nakupa, hapo umenishika. Lakini filamu yenyewe inatoboa siri kwamba wakaguzi wa Michelin walipokuja, sushi walizokula zilitengenezwa na Yoshikazu, mtoto mkubwa wa mzee. Watu wamevuka bahari kumfuata baba, mkono wa mwana ndio uliopata nyota. Aprili 2014 Obama akaketishwa pale na Shinzo Abe, waziri mkuu wa Japani wakati huo, foleni ikazidi.

Mtaani kwetu kuna mzee wa supu ya pweza. Tangu vijana wamrekodi video, saa mbili usiku sufuria imekauka, sisi majirani tunaambulia harufu.

Mchangiaji: Kwa hiyo Jiro angefanyaje? Aongeze viti?

Mleta mada: Asiongeze hata kimoja. Viwili kati ya hivyo 10 awaachie wanaopiga simu wenyewe, walipe kabla. Anayeona haiwezekani aniwekee hesabu hapa.